Mcheza Kwao Hutunzwa? Mapokeo, Majina na Malipo katika Albamu ya Dr. John's Gumbo (1972)

Ikisiri

Makala haya yanahakiki Dr. John's Gumbo, albamu ya mwaka 1972 ambamo mpiga piano wa bluzi Malcolm "Mac" Rebennack, maarufu kwa jina la Dr. John, aliurejelea muziki wa mji wake wa New Orleans, Marekani. Albamu hiyo imezoeleka kusifiwa kama kumbukumbu ya mapokeo ya mji. Makala yanaikubali sifa hiyo, lakini yanadai kwamba thamani yake kubwa iko mahali pengine: inayachukulia mapokeo kuwa mnyororo wa watu wenye majina, si ghala lisilo na mwenyewe. Kwa kuchunguza upigaji wa piano, maneno ya wimbo "Iko Iko" na maelezo yaliyochapishwa kwenye jalada, makala yanaonyesha jinsi utambuzi huo ulivyofanyika. Kisha yanabainisha mipaka yake, kwani kumtaja mtunzi hakukuwa sawa na kumlipa. Mwisho, yanatoa mapendekezo matatu kwa watunga sera wa Afrika Mashariki wanaoshughulikia ulinzi wa sanaa za mapokeo.

Maneno muhimu: bluzi, mapokeo, utambuzi wa watunzi, hakimiliki, New Orleans

1.0 Utangulizi

Waswahili husema mcheza kwao hutunzwa. Methali hii inachukulia kwamba upo uwanja unaojulikana, wapo watazamaji wanaomfahamu mchezaji, na upo mkono ulio tayari kumtunza. Katika taarabu jambo hilo huonekana kwa macho: mtu huinuka kitini, humwendea mwimbaji na kumpa tuzo yake mbele ya hadhira. Muziki ukishawekwa kwenye santuri, mambo hayo matatu hutengana. Mchezaji hubaki kwao, sauti yake husafiri, na tuzo hupokelewa na mtu mwingine, mara nyingi katika mji mwingine.

Mji wa New Orleans, ulioko jimbo la Louisiana karibu na mdomo wa mto Mississippi, ni mfano wa wazi wa utengano huo. Katika miaka ya 1940 na 1950 mji huo ulizalisha nyimbo za bluzi na R&B zilizochezwa Marekani nzima, lakini wengi wa waliozitunga na kuzipiga hawakunufaika kwa kadiri ya umaarufu wa nyimbo hizo. Mwaka 1972 Dr. John alitoa, kupitia lebo ya Atco, albamu ya nyimbo 12 zilizotokana karibu zote na hazina hiyo. Aliipa jina la gumbo, mchuzi mzito wa Louisiana unaopikwa kwa kuchanganya vitu vingi. Neno lenyewe lina asili ya Afrika: wanaetimolojia hulihusisha na jina la bamia katika lugha za Kibantu za eneo la Angola. Hivyo hata kabla ya wimbo wa kwanza kusikika, albamu imekwisha kutamka neno lililovuka bahari pamoja na watu waliouzwa.

Sitiari ya mchuzi ina mvuto, na ina hatari yake pia. Mchuzi uliokolea haumwonyeshi mlaji kila kiungo kimetoka shamba la nani. Mjadala kuhusu muziki wa miji yenye mchanganyiko mara nyingi huishia hapo: husifu ladha na kusahau wakulima. Swali linaloongoza makala haya ni hili: je, albamu hii inaadhimisha mapokeo kwa kuyayeyusha majina ya watu, au kwa kuyataja?

2.0 Usuli wa Albamu: Mji Unaoimbwa kutoka Mbali

Rebennack alizaliwa New Orleans tarehe 20 Novemba 1941, katika familia ya Wazungu, na akafariki tarehe 6 Juni 2019. Alipokuwa kijana alifanya kazi kama mpiga gitaa na mtunzi kwenye studio za mji, hasa zile za Cosimo Matassa, ambako Fats Domino alirekodi "The Fat Man" mwezi Desemba 1949. Mwanzoni mwa miaka ya 1960 alipigwa risasi iliyomjeruhi kidole cha mkono wa kushoto. Gitaa likawa gumu kwake, akahamia kwenye vinanda. James Booker, mmoja wa mafundi wakubwa wa mji huo, alimfundisha ogani. Baadaye Rebennack alifungwa huko Fort Worth, Texas, kwa makosa ya dawa za kulevya, na alipotoka mwaka 1965 alielekea Los Angeles.

Safari hiyo haikuwa yake peke yake. Mwanzoni mwa miaka ya 1960, msako wa mwendesha mashtaka Jim Garrison dhidi ya maovu ya mjini ulifunga kumbi nyingi ambamo wanamuziki walipata riziki. Mwaka 1961 Harold Battiste na wenzake, akiwamo mpiga korneti Melvin Lastie, walikuwa wameanzisha AFO, yaani All For One, lebo iliyomilikiwa na wanamuziki Weusi wenyewe ili faida isiende kwa matajiri wa nje. Lebo hiyo ilipata mafanikio makubwa na wimbo wa Barbara George, "I Know", lakini haikudumu. Battiste alihamia California, na baadhi ya wenzake wakafuata njia hiyo.

Dr. John's Gumbo ilitengenezwa na watu hao. Watayarishaji wake walikuwa Battiste na Jerry Wexler wa kampuni ya Atlantic, iliyokuwa mmiliki wa Atco. Saksafoni ilipigwa na Lee Allen, ambaye sauti yake ilisikika katika santuri nyingi za Fats Domino na Little Richard. Waitikiaji walikuwa pamoja na Shirley Goodman na Tami Lynn, wote wa New Orleans. Albamu ya kuadhimisha mji ilirekodiwa California na wenyeji walioukosa mji wao. Hali hiyo si ngeni katika historia ya santuri za Afrika Mashariki: Siti binti Saad na wenzake walisafiri kutoka Zanzibar hadi Bombay mwaka 1928 ili sauti ya kwao iingie kwenye santuri. Katika hali kama hiyo mwanamuziki hulazimika kuchagua kwa makusudi kipi ni cha kwao, kwa sababu mazingira yanayomzunguka hayamkumbushi.

Ni muhimu pia kuona albamu hii ilikuja baada ya nini. Kuanzia Gris-Gris ya mwaka 1968, Rebennack alikuwa amejijengea uhusika wa Dr. John, jina alilolichukua kutoka kwa mganga wa karne ya 19 wa New Orleans anayesemekana kuzaliwa Senegal. Albamu hizo za mwanzo zilijaa manyoya, ubani na minong'ono ya kiganga. Katika Gumbo uganga umewekwa kando, na piano inachukua nafasi ya mbele.

3.0 Mkono wa Kushoto: Mapokeo kama Bahari ya Ushairi

Kiini cha albamu kiko katika mkono wa kushoto wa mpiga piano. Mwalimu mkuu wa mkono huo ni Henry Roeland Byrd, aliyejulikana kama Professor Longhair, aliyezaliwa Bogalusa, Louisiana, mwaka 1918 na kukulia New Orleans. Katika mtindo wa bugi-wugi uliozoeleka, mkono wa kushoto hurudia mapigo manane yaliyo sawa kama hatua za askari. Longhair aliingiza humo mdundo wa Kikuba, ambao mapigo yake yamegawanyika tatu, tatu na mbili. Mkono wa kulia ukabaki huru kumwaga noti za harakaharaka juu yake. Matokeo yake ni muziki unaoonekana kujikwaa lakini hauanguki. Msikilizaji wa Afrika Mashariki aliyelelewa na muziki wa dansi hatauona mdundo huo kuwa mgeni kabisa, kwa kuwa santuri za Kikuba zilizofika Kongo kuanzia miaka ya 1930 zililea rumba ya huko, nayo rumba hiyo ikaathiri bendi za Dar es Salaam na Nairobi.

Dr. John anapiga "Tipitina", wimbo ambao Longhair aliurekodi mwaka 1953, na "Big Chief", uliotungwa na Earl King na kurekodiwa kwa piano ya Longhair mwaka 1964. Jambo la kuzingatia ni kwamba Dr. John hamwigi mwalimu wake noti kwa noti. Sauti ya Longhair ilikuwa nyembamba na yenye kupasuka, ya Dr. John ni nzito, ya puani, yenye uvivu wa makusudi. Upigaji wake pia una utaratibu zaidi: pale ambapo Longhair huchelewa kwa ghafla kisha akakimbia kulifikia pigo, Dr. John huweka ule uchelewaji mahali pamoja kila mara, kiasi kwamba msikilizaji anaweza kuutarajia. Hapa kuna faida na hasara. Faida ni kwamba mtindo umekuwa somo: asiyeujua anaweza kuufuata. Hasara ni kwamba hatari iliyokuwamo ndani ya piano ya Longhair imepungua.

Mnyororo unaofuata unaeleza vizuri zaidi mapokeo haya ni kitu gani. Mwanzoni mwa miaka ya 1940 mpiga piano Champion Jack Dupree alitoa "Junker Blues", wimbo aliojifunza kutoka kwa mzee aliyejulikana kama Drive 'Em Down. Fats Domino aliuchukua mwenendo wa wimbo huo, akaondoa maneno yanayohusu dawa za kulevya na kuufanya "The Fat Man". Lloyd Price alirekodi "Lawdy Miss Clawdy" mwaka 1952 juu ya msingi huohuo, na "Tipitina" ya Longhair ni jamaa wa karibu. "Junko Partner", ambao Dr. John anauimba katika albamu hii, ni wa ukoo huo pia, na unarudisha waziwazi yale maneno ya magereza na uraibu ambayo Domino aliyafuta.

Mwanafunzi wa ushairi wa Kiswahili ana istilahi iliyo tayari kwa jambo hili. Mnyororo huu ni bahari. Hakuna anayeuliza nani anamiliki umbo la utenzi, wala mtunzi wa utenzi hashtakiwi kwa kutumia mizani minane. Hata hivyo, kila utenzi una mtunzi wake. Umbo ni la wote, utungo ni wa mtu. Sheria ya hakimiliki iliyotumika katika biashara ya santuri ilishindwa mara nyingi kutofautisha mambo hayo mawili, na aliyewahi kusajili wimbo aliweza kuondoka na umbo pia.

Mfano mwingine wa bahari ni "Stack-A-Lee". Kisa chake hakikutokea New Orleans. Ni mauaji ya mwaka 1895 mjini St. Louis, ambako Lee Shelton alimpiga risasi Billy Lyons. Kisa kiliimbwa kote Marekani, lakini mwaka 1950 mpiga piano Archibald wa New Orleans alikirekodi kwa namna ya mji wake, na ndiyo namna ambayo Dr. John anaifuata. Kwa kuuweka wimbo huo katika albamu, Dr. John anatoa tafsiri yake ya neno "kwao": wimbo huwa wa mji kwa jinsi unavyopigwa, hata kama tukio lake lilikuwa kwingine.

4.0 "Iko Iko": Maneno Yasiyofasiriwa

Albamu inafunguliwa na "Iko Iko", na kwa mtafiti wa lugha huu ndio wimbo wenye mengi zaidi. Mwaka 1953 James "Sugar Boy" Crawford, kijana wa New Orleans, alirekodi wimbo ulioitwa "Jock-A-Mo". Aliuunda kutokana na vibwagizo alivyovisikia mitaani kutoka kwa vikundi vya Weusi ambao, wakati wa sherehe za Mardi Gras, hujivika mavazi ya shanga na manyoya kwa kuwaenzi wenyeji wa asili wa Marekani. Vikundi hivyo hukutana njiani na kushindana kwa mavazi, ngoma na majibizano ya maneno. Anayefahamu mashindano ya beni na ngoma za pwani ataelewa mara moja kwamba kibwagizo cha namna hiyo si pambo tu. Ni silaha na ni kitambulisho.

Crawford mwenyewe alisema kwamba hakujua maana ya maneno aliyoyaimba. Alieleza pia kwamba yeye aliyatamka kwa namna moja, na mwenye kampuni ya santuri huko Chicago akayasikia na kuyaandika kwa namna nyingine, na tahajia hiyo ndiyo iliyochapishwa. Tangu hapo wataalamu na wapenzi wa muziki wamependekeza asili mbalimbali: Kifaransa cha Krioli, lugha ya biashara iliyotumiwa na wenyeji wa asili wa eneo la Ghuba ya Meksiko, na lugha za Afrika Magharibi. Hakuna pendekezo lililowashawishi wote. Dr. John, katika maelezo yake ya jalada, anadai kwamba neno hilo lilimaanisha mchekeshaji, na kwamba wimbo una mchanganyiko mwingi wa Krioli.

Dai hilo halina ushahidi wa kutosha, na mhakiki hana budi kulisema wazi. Hata hivyo, linafichua jambo kuhusu mapokeo simulizi. Neno linaweza kudumu vizazi kadhaa bila fasiri, kwa sababu kazi yake katika uwanja haikuwa kueleza bali kuita. Linapohamishiwa kwenye karatasi, mwandishi huona aibu kuliacha tupu, akalitafutia maana. Watafiti wa nyimbo za unyago na za uganga katika Afrika Mashariki wanalifahamu tatizo hilo: mhojiwa huulizwa maana ya neno la kale, na kwa heshima ya mgeni hutoa jibu. Jibu hilo huingia kamusini.

Katika uimbaji wake, Dr. John ana busara kuliko katika maandishi yake. Hayafafanui maneno hayo kwa sauti wala hayatamki kama kitu cha kigeni cha kuchekesha. Anayapitisha harakaharaka, waitikiaji wakayapokea, kama wanavyofanya watu ambao wamelijua neno tangu utotoni na hawajawahi kulihitaji lifasiriwe.

5.0 Jalada kama Hati ya Umiliki

Maelezo ya jalada yanastahili kusomwa kama sehemu ya kazi. Dr. John anapitia wimbo mmoja baada ya mwingine akieleza aliupata wapi. Kuhusu "Iko Iko" anakiri kwamba wimbo huo ulienea kupitia kikundi cha wasichana cha Dixie Cups, waliourekodi katika miaka ya 1960, lakini anasema namna anayoifuata yeye ni ile ya Sugar Boy Crawford. Haishii hapo, bali anawataja wapiga gitaa, mpiga ngoma na mpiga piano wa kundi la Crawford.

Uzito wa jambo hilo unaonekana tukikumbuka hali ya wakati ule. Baada ya santuri ya Dixie Cups kuvuma mwaka 1965, Crawford aliwasilisha madai. Shauri hilo lilimalizika kwa maafikiano mwaka 1967: aliachia dai la utunzi na kupewa sehemu tu ya mapato. Miaka michache kabla ya hapo, mwaka 1963, alikuwa amepigwa vibaya na polisi, akaumia na kuuacha muziki wa kidunia. Hivyo mwaka 1972, wakati jina lake lilikuwa limeshaondoka katika hati za kisheria, jalada la albamu ya mtu mwingine lilimrudisha mahali pake. Katika historia ya ushairi wa Kiswahili kuna tendo la namna hiyo: tungo nyingi za Muyaka bin Haji wa Mombasa zinajulikana leo kuwa zake kwa sababu Mwalimu Sikujua alizikumbuka pamoja na mwenyewe, na W. E. Taylor akaziandika. Kazi ya anayekumbuka jina huonekana ndogo hadi siku inapokosekana.

Hapa ndipo sitiari ya mchuzi inapokanushwa na albamu yenyewe. Jalada linasema kitunguu kimetoka kwa nani na bamia kwa nani. Albamu nyingi za namna hii, zilizotolewa na wanamuziki Wazungu waliopenda bluzi, ziliyasifu mapokeo kwa jumla na kuwaacha wenyewe bila majina. Rebennack, akiwa Mzungu aliyelelewa kimuziki na mafundi Weusi, alikuwa na deni kubwa zaidi la kusema ukweli, na kwa sehemu kubwa alililipa.

6.0 Mipaka ya Albamu

Kwa sehemu kubwa, lakini si kwa ukamilifu. Udhaifu wa kwanza unahusu malipo. Albamu ina wimbo "Mess Around", ulioimbwa na Ray Charles mwaka 1953 na kusajiliwa kwa jina la Ahmet Ertegun, mwanzilishi mwenza wa Atlantic. Mwenendo wake wa piano unafanana sana na "Cow Cow Blues" iliyorekodiwa na Cow Cow Davenport mwaka 1928. Kwa hiyo, ndani ya albamu inayodai kuwaenzi mafundi wa piano, wimbo mmoja ulimwingizia mrabaha mkuu wa kampuni iliyoitoa. Kwa upande mwingine yuko Huey "Piano" Smith, ambaye nyimbo zake zimeunganishwa na kupigwa kwa mfululizo katika albamu hii. Huyu ndiye aliyerekodi "Sea Cruise" na kundi lake, kisha kampuni ikaziondoa sauti zao na kuweka ya kijana Mzungu, Frankie Ford, mwaka 1959. Kumpigia Smith nyimbo zake ni heshima, ila heshima hiyo haikurudisha kilichochukuliwa.

Udhaifu wa pili unahusu wanawake. Shirley Goodman na Tami Lynn wanasikika, lakini katika uitikiaji. Walioorodheshwa kama waasisi ni wanaume watupu. Suala la "Iko Iko" linaonyesha hasara yake. Dixie Cups walisema waliujua wimbo huo kutoka kwa bibi yao. Ikiwa ni hivyo, kibwagizo kilikuwa na njia mbili za kurithiwa: ya mitaani, iliyowapitia wanaume wa vikundi vya Mardi Gras, na ya nyumbani, iliyompitia bibi. Albamu inaifuata ya kwanza na kuiita asili. Ya pili inatajwa kama santuri iliyovuma tu. Mahakama, ambayo mwanzoni mwa miaka ya 2000 iliamua shauri kati ya Dixie Cups na meneja wao wa zamani kwa upande wa wasichana hao, ilishughulikia hati, si nasaba ya wimbo.

Udhaifu wa tatu ni upeo. Mji unaoadhimishwa hapa ni mji wa baa na studio. Bendi za matarumbeta zinazosindikiza mazishi na ngoma zenyewe za Mardi Gras zinasikika kwa mbali tu. Dr. John alijaribu kuziba pengo hilo mwaka 1992 katika Goin' Back to New Orleans, albamu iliyopata tuzo ya Grammy ya bluzi ya kimapokeo. Huko anaanzia muziki wa karne ya 19, akapitia nyimbo za Jelly Roll Morton na vikundi vya Mardi Gras, na kuwaalika wazee kama Danny Barker. Kwa upana, albamu ya 1992 inaishinda ile ya 1972. Kwa uhai, haiishindi. Inapanga vipindi kama vyumba vya makumbusho, kila kimoja na kibao chake. Gumbo ina kipindi kimoja, ukoo mmoja wa piano na watu waliokuwa wakijuana, na kwa hiyo msikilizaji husikia mazungumzo badala ya maonyesho.

7.0 Mafunzo kwa Watunga Sera

Kisa hiki kina uhusiano wa moja kwa moja na sera za eneo letu. Itifaki ya Swakopmund ya mwaka 2010, chini ya shirika la ARIPO, na sheria ya Kenya ya mwaka 2016 kuhusu maarifa ya jadi na sanaa za kitamaduni zinaipa jamii haki juu ya urithi wake. Hatua hiyo inahitajika. Hatari yake ni kwamba neno "jadi" linaweza kuwa kaburi la mtunzi. Wimbo "Malaika" ni onyo: utunzi wake umebishaniwa kwa miongo mingi, wengine wakimtaja Fadhili William na wengine Adam Salim, huku ukiimbwa duniani kote. Wimbo ukiitwa wa jadi mapema mno, ubishi huzimwa bila kutatuliwa, na mwenye haki hupotea pamoja na asiye na haki.

Kwanza, basi, usajili wa sanaa za mapokeo utenganishe umbo na utungo. Mdundo, bahari na kibwagizo cha mtaani viandikwe kuwa vya jamii. Utungo uliojengwa juu yake uandikwe kwa jina la aliyeujenga, hata kama ni kijana wa miaka 19 kama alivyokuwa Crawford.

Pili, kumbukumbu zitunze nasaba zaidi ya moja. Fomu yenye nafasi moja tu ya "asili" humlazimisha mkusanyaji kuchagua kati ya mtaa na bibi. Fomu iruhusu njia zote mbili, na iruhusu pia jibu kwamba maana ya neno haijulikani.

Tatu, maelezo ya jalada yahesabiwe kuwa sehemu ya kazi inayohifadhiwa. Katika huduma nyingi za kusikiliza muziki kwa intaneti, msikilizaji huona jina la mwimbaji na picha ya jalada, bila yale maandishi ambayo kwa Gumbo yalikuwa ndiyo shukrani yenyewe. Maktaba na vituo vya redio vya taifa vyenye hazina za kanda na santuri vinapozihamishia kwenye mfumo wa kidijitali, ni lazima viyahamishe na maandishi ya majalada, hata yale yaliyoandikwa kwa kalamu pembeni. Mara nyingi humo ndimo pekee limo jina la mpiga ngoma.

8.0 Hitimisho

Mwaka 1971, muda mfupi kabla ya albamu hii kutoka, Professor Longhair alitafutwa na waandaaji wa tamasha jipya la muziki na urithi la New Orleans. Walimkuta akiishi kwa vibarua, ikiwa ni pamoja na kufagia duka la santuri. Alipanda jukwaani, akaanza maisha mapya ya muziki, na mwaka 1977 ukumbi uliopewa jina la wimbo wake "Tipitina" ulifunguliwa mjini humo. Albamu yake ya mwisho, Crawfish Fiesta, ilitoka mwaka 1980, mwaka aliofariki. Katika albamu hiyo Dr. John anasikika upande wa gitaa, chombo alichokiacha kwa sababu ya jeraha, huku piano akimwachia mwenyewe.

Dr. John's Gumbo haikuyafanya hayo yote peke yake, na makala haya hayadai hivyo. Inachothibitisha ni kwamba kuadhimisha mapokeo kunaweza kuwa kazi ya uangalifu: kujua nani alipiga nini, kulisema kwa maandishi, na kupiga kwa namna inayomrudisha msikilizaji kwa mwenyewe. Inathibitisha vilevile kwamba kazi hiyo, ikifanywa na msanii peke yake, huishia kwenye jina. Longhair alikuwa amecheza kwao kwa zaidi ya miaka 20 kabla ya kutunzwa, na Crawford alipata sehemu tu ya haki yake. Methali inasema mcheza kwao hutunzwa. Kwa muziki uliorekodiwa, atatunzwa iwapo tu kuna daftari linalosema kwao ni wapi, yeye ni nani, na sheria inayomlazimu mwenye kushika fedha kulifungua.